Nani Anamtafsiria Nani: Filamu za Sky Hopinka

Miaka kadhaa iliyopita nilipewa kibarua cha kuandika maandishi ya chini, yale ya tafsiri yanayopita chini ya picha, kwa ajili ya filamu fupi iliyopigwa kwetu Taita. Ilihusu ndovu wanaotoka Tsavo na kuingia mashambani. Ndani yake kulikuwa na nyanya mmoja aliyezungumza kwa karibu dakika tatu bila kupumzika. Alianza na ndovu, kweli, lakini akapitia kwa babake, akaingia kwa jirani aliyewahi kulima pale na akahama, akautaja mwembe fulani kwa jina lake kana kwamba ni mtu wa ukoo, akacheka peke yake, kisha akarudi kwa ndovu. Mhariri alikuwa amebakiwa na sekunde kumi na moja za kumpa. Nikaandika: "Ndovu wameharibu mazao yetu." Nikalipwa, nikaenda zangu nyumbani.

Sikuiwazia tena kazi ile mpaka nilipoketi kutazama filamu za Sky Hopinka, kwa kompyuta yangu ndogo, stima ikipotea na kurudi kama ilivyo kawaida ya mtaa wetu. Katika filamu yake ndefu ya mwaka 2020, "maɬni – towards the ocean, towards the shore", kuna mwanamke anayeongea Kiingereza. Kiingereza cha kawaida kabisa, cha Marekani, ambacho hata mwanafunzi wa shule ya msingi hapa angekifuata bila taabu. Na hapo chini yanatokea maandishi ya tafsiri, yameandikwa kwa lugha inayoitwa chinuk wawa. Niliisimamisha filamu. Kwanza nilicheka. Halafu nikanyamaza, maana nimetazama filamu za kila aina tangu utotoni na sikumbuki hata moja ambapo Kiingereza ndicho kilichohitaji kutafsiriwa.

Kutafsiriwa kwa ajili ya nani? Nikiulizwa kazi ya Hopinka inahusu nini, nitajibu kwamba inahusu swali hilo, na kwamba mambo mengine yote wanayoyasifia wakosoaji (rangi zilizogeuzwa, picha juu ya picha, mashairi yanayotambaa kwenye skrini) yanalitumikia.

Hopinka alizaliwa mwaka 1984 huko Ferndale, mji mdogo katika jimbo la Washington, kaskazini-magharibi mwa Marekani. Upande mmoja ni wa taifa la Ho-Chunk, ambalo chimbuko lake ni kule Wisconsin, na upande mwingine ni wa Pechanga, jamii ya Waluiseño wa kusini mwa California. Vitabu tulivyosomea shuleni vingemwita Mhindi Mwekundu, jina ambalo ukilifikiria kidogo tu linakuacha mdomo wazi: hawatoki India na si wekundu, ila Kiswahili chetu kililipokea hivyo hivyo na kulipitisha kwa watoto. Mwaka 2022 Hopinka alipewa tuzo kubwa ya MacArthur. Filamu zake nyingi ni fupi, dakika saba, dakika kumi na tano, hivi. Zinahesabiwa kuwa filamu za hali halisi. Ila ukizitazama ukitegemea kupata habari, utatoka mkono mtupu.

Ili uone anachokataa, lazima turudi nyuma kidogo. Mwaka 1922 Robert Flaherty alitoa "Nanook of the North", filamu ambayo wengi huitaja kama mama wa filamu za hali halisi. Mhusika wake mkuu, Mwinuit wa kaskazini mwa Kanada, hakuitwa Nanook. Jina lake lilikuwa Allakariallak. Watu wake walikuwa tayari wanawinda kwa bunduki, lakini Flaherty alitaka mikuki, basi mikuki ikatafutwa. Picha ni nzuri, siwezi kusema uongo. Lakini yule mtu anayetabasamu mbele ya kamera amekwisha kuandikiwa jina, silaha na zama.

Kisa kingine cha namna hiyo nakipenda kuliko vyote. Mwaka 1966 wasomi wawili, Sol Worth na John Adair, walikwenda kwa Wanavajo huko Arizona wakitaka kuwafundisha wenyeji kupiga filamu. Waliomba ruhusa kwa mzee mmoja, Sam Yazzie. Mzee akauliza kama kupiga filamu kutawadhuru kondoo. Wakamwambia hapana. Akauliza tena kama basi kutawasaidia kondoo. Wakakiri kwamba hapana, hakutawasaidia. Sasa, mzee akataka kujua, filamu ni za nini? Kila mtu aliyewahi kwenda kijijini na kamera mkononi na barua ya mfadhili mfukoni anapaswa kulala na swali hilo usiku mmoja.

Na sisi Wakenya tuna ukurasa wetu katika historia hiyo. Miaka ya sabini David na Judith MacDougall waliishi na familia ya mzee Lorang huko Turkana na kutoa filamu tatu, mojawapo ikiwa "The Wedding Camels" ya 1977. Kwa wakati wake lilikuwa jambo la maana sana. Kabla ya hapo, mtazamaji alizoea sauti nzito ya msimulizi Mzungu inayoeleza kile "wanachoamini" hawa watu. MacDougall na mkewe waliinyamazisha sauti hiyo. Waturkana wanaongea wenyewe, wanabishana mahari wenyewe, na chini ya picha yanapita maneno yao kwa Kiingereza. Tulipiga hatua. Ila hatua hiyo ilikuwa na mlango wa nyuma: sasa kila neno la Mturkana lilipaswa kuvuka, na mtazamaji wa London akazoea kwamba hakuna kitu kinachosemwa mahali popote duniani ambacho yeye hana haki ya kukielewa papo hapo. Msimulizi hakuondoka, alishuka tu akawa maandishi. Mimi mwenyewe nimekuwa msimulizi huyo, kwa malipo ya siku.

Hapo ndipo Hopinka anapoingilia. Kamera yake haiwaonei watu. Anachokitilia shaka ni lile deni tunalodhani watu wanadaiwa, la kujieleza.

Chinuk wawa yenyewe ni kisa kirefu, na mzungumzaji wa Kiswahili atakisikiliza kwa sikio la pekee. Ni lugha ya biashara iliyokua katika mwambao wa Pasifiki, kandokando ya mto Columbia, kutokana na lugha za Wachinook, Wanuu-chah-nulth na Wasalish, kisha ikameza Kifaransa na Kiingereza. Asante ni "masi", kutoka "merci" ya wafanyabiashara Wafaransa. Wamarekani weupe waliitwa watu wa Boston kwa sababu meli zao zilitoka huko, na Waingereza wakawa watu wa King George. Katika miaka ya 1850 serikali ya Marekani ilipowakusanya watu wa makabila mengi na kuwatupa pamoja katika hifadhi ya Grand Ronde, Oregon, lugha hiyo ya sokoni ikawa lugha ya jikoni. Watoto wakazaliwa ndani yake. Sisemi ni sawa na Kiswahili. Kiswahili ni lugha ya Kibantu tangu mwanzo wake, na hakikuwahi kubakiwa na wazungumzaji wa kuhesabika kwa vidole. Lakini ile hali ya lugha inayowaunganisha watu ambao mama zao hawakuongea lugha moja, hiyo tunaijua.

Jambo ambalo waandishi wengi hulipita haraka ni kwamba chinuk wawa si lugha ya mababu wa Hopinka. Mababu zake ni wa Wisconsin na California. Alijifunza chinuk wawa akiwa mtu mzima, huko Portland, kisha akaifundisha. Ni lugha ya mahali alipokuwa akiishi. Mimi ni Mtaita ninayeandika Kiswahili Nairobi, kwa hiyo nilipolijua hilo nilihisi kama mtu amenigusa bega. Tumezoeshwa kudhani kwamba mtu wa jamii asilia lazima aongee kutoka kwenye kisima kimoja cha damu, na kwamba akichota kwingine amepotea. Hopinka anachota alipo.

Turudi kwenye "maɬni", nikae hapo kidogo kwa sababu ndiyo kazi yake iliyonishika zaidi. Filamu inawafuata watu wawili, Sweetwater Sahme na Jordan Mercier, wakitembea, kila mmoja peke yake, katika misitu na maji ya kaskazini-magharibi. Sweetwater ni mjamzito. Jordan ni baba kijana. Wanaongea kuhusu kuzaliwa, kufa, na kinachofuata. Nyuma yao Hopinka mwenyewe anasimulia, kwa chinuk wawa, hadithi ya Wachinook ya asili ya kifo, ambamo wawili wanajadiliana kama wafu warudi au wasirudi. Sisi tuna kinyonga wetu, yule aliyetumwa kuwaambia watu kwamba hawatakufa akajikokota njiani mpaka ndege akamtangulia na habari nyingine. Kwa hiyo hadithi haikunishangaza. Kilichonishangaza ni jinsi anavyoitumia. Filamu ya kawaida ingeichora kwa katuni, au ingemketisha mtaalamu kitini atuambie ina maana gani "katika tamaduni za watu hawa". Hopinka anaisimulia kidogo, anaiacha, anarudi baada ya dakika ishirini kama mtu anayeendelea na mazungumzo yaliyokatizwa na mgeni. Haiwi mfano wa chochote. Sweetwater anapoongea juu ya mtoto aliye tumboni, hadithi iko pale karibu, lakini hakuna anayekulazimisha kuviunganisha viwili hivyo.

Na yale maandishi ya chini yanabadilishana muda wote. Jordan anapoongea chinuk wawa, unapewa Kiingereza. Sweetwater anapoongea Kiingereza, unapewa chinuk wawa. Ukifikiri haraka utasema ni mzaha wa kisiasa, kumlipizia Mzungu. Nilidhani hivyo pia, kwa dakika kumi hivi. Halafu nikatambua kwamba maandishi hayo yana wasomaji wa kweli. Yapo kwa ajili ya mtu wa Grand Ronde anayejifunza lugha, anayetaka kuona maneno yakiandikwa, ambaye pengine ataisimamisha filamu palepale niliposimamisha mimi lakini kwa sababu tofauti kabisa: kunakili neno kwenye daftari. Filamu inayoonyeshwa kwenye tamasha la Sundance ni, kwa mtu huyo, kitabu cha mazoezi. Mimi na wewe tumeruhusiwa kuketi nyuma ya darasa.

Siwezi kuisifu yote. Kuna mahali, hasa katikati, ambapo Hopinka anaufuata mgongo wa mtu msituni kwa muda mrefu kupita kiasi, na uzuri wa majani na maporomoko unaanza kufanya kazi ambayo mazungumzo yalipaswa kuifanya. Nilihisi usingizi. Mke wangu, aliyekuwa akitazama huku akikunja nguo, aliuliza kama filamu imekwama. Haikuwa imekwama.

Filamu fupi hazina tatizo hilo. "Jáaji Approx." ya 2015 ina kama dakika saba tu, na nadhani ndiyo bora kuliko zote. Jáaji ni namna ya kumwita baba kwa lugha ya Ho-Chunk, unapomwita yeye mwenyewe, kama tunavyosema "baba!" tukiwa mlangoni. Kwa miaka mingi Hopinka alikuwa akimrekodi babake, mwimbaji katika mikusanyiko ya ngoma na nyimbo wanayoiita powwow. Katika filamu tunasikia rekodi hizo, nyimbo na maneno, lakini baba mwenyewe hatumwoni akiongea. Tunaona barabara. Milima, mvua kwenye kioo cha gari, nchi ambayo baba na mwana wamewahi kuipita kila mmoja kwa wakati wake. Na maneno ya baba, ambayo ni Kiingereza kitupu, yanaandikwa kwenye skrini kwa alama za wanaisimu, zile alama za matamshi zenye herufi zilizopinduliwa ambazo mwanaisimu hutumia anapokutana na lugha asiyoijua.

Hebu fikiria. Mtoto anamwandika babake kama mtafiti anavyoandika sauti za mgeni. Ni kejeli kwa wasomi, ndiyo, waliojaza madaftari kwa sauti za wazee wa Ho-Chunk bila kuwauliza habari za asubuhi. Lakini pia ni ukweli mchungu juu ya baba na wana. Ni wangapi kati yetu tunaozijua sauti za baba zetu, jinsi wanavyokohoa, jinsi wanavyosema "sasa" kabla ya kusema jambo zito, na hatujui walichokuwa wakimaanisha? Kadiri filamu inavyosonga, umbali ule unapungua. Hakuna anayetamka kwamba unapungua. Sauti na barabara zinaanza tu kukaa pamoja.

Jina lenyewe lina ile "Approx.", yaani takriban. Baba, takriban. Sijawahi kuona neno dogo la hesabu likibeba mzigo mkubwa hivyo.

Miaka sita baadaye alirudi kwenye kaseti za familia katika "Kicking the Clouds". Safari hii ni rekodi ya miaka hamsini iliyopita: nyanya yake akifundishwa lugha ya Pechanga na mamake mwenyewe. Juu ya sauti hiyo, mamake Hopinka anajibu maswali ya mwanawe. Vizazi vinne katika dakika kumi na sita, na picha ni za eneo la Whatcom, kule Washington, mbali sana na California ambako lugha hiyo inatoka. Kuna mtego hapa ambao filamu nyingi zingeuangukia, ule wa kulia juu ya lugha inayokufa. Tumeuona mara ngapi? Mzee wa mwisho, muziki wa huzuni, machweo. Wayaaku wa Mukogodo, huko Laikipia, wamepigwa picha za namna hiyo mpaka unaweza kudhani kazi yao duniani ni kuwa wa mwisho. Katika "Kicking the Clouds" unachosikia ni mtu akijifunza. Anakosea, anarekebishwa, anarudia. Hata katika "Anti-Objects" ya 2017, ambayo msingi wake ni rekodi ya Wilson Bobb, mmoja wa wazungumzaji wa mwisho wa chinuk wawa wa kizazi chake, akiongea na mwanaisimu Henry Zenk, Hopinka hakupi nafasi ya kuomboleza. Anaipeleka sauti ya mzee hadi Portland, kwenye daraja jipya liitwalo Tilikum Crossing, lililofunguliwa mwaka 2015 kwa ajili ya treni, mabasi, baiskeli na waendao kwa miguu. Tilikum ni neno la chinuk wawa. Maana yake ni watu. Maelfu wanapita juu ya neno hilo kila siku wakienda kazini, na mzee yuko pale chini ya picha anaongea lugha ambamo neno hilo bado lina ndugu zake.

Kuna swali ambalo rafiki yangu, mwalimu wa filamu, huniuliza kila nikimsifia Hopinka: kama haelezi, na anageuza rangi, na anaandika mashairi juu ya picha, kwa nini tuiite hali halisi? Jibu langu liko katika "Fainting Spells" ya 2018. Humo Hopinka anatunga kisa cha asili cha mmea ambao Waho-Chunk waliutumia kumzindua mtu aliyezimia. Anakitunga yeye, na hakufichi kwamba amekitunga. Maneno ya mkono yanatiririka kwenye skrini kama barua. Sasa mlinganishe na Flaherty. Flaherty alibuni jina na mikuki, akaapa kwamba ni kweli. Hopinka amebuni kisa cha kale na kukuwekea mezani kama kitu kilichobuniwa na mtu aliye hai, wa kizazi hiki, ambaye mmea huo ni wa kwao. Ni yupi kati yao aliyetupa hali halisi? Rafiki yangu bado hajakubali. Anasema ninacheza na maneno.

Lakini yeye ana hoja nyingine iliyo nzito zaidi, na hiyo sijaimaliza. Anasema kukataa kujieleza ni anasa. Anaelekeza kidole Mau. Waogiek, ili wasikilizwe na Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu huko Arusha, ilibidi wajieleze mpaka mfupa: ni kina nani, wanaishije na msitu, wanaabudu wapi, wana haki gani ya kuitwa jamii asilia. Wakajieleza, na tarehe 26 Mei 2017 wakashinda. Mwaka 2022 mahakama hiyo ikaamuru walipwe fidia. Novemba 2023 familia zilikuwa zikifurushwa msituni tena. Sasa, rafiki yangu anasema, nenda ukawapelekee watu hao filamu yenye ukungu na maandishi ya chini ya kinyumenyume. Waambie wasijieleze.

Hopinka aliwahi kusimama karibu na moto wa namna hiyo. Mwaka 2016 maelfu walipiga kambi Standing Rock, Dakota Kaskazini, kupinga bomba la mafuta ghafi lililopangwa kupita chini ya maji wanayokunywa Wasioux wa pale. Dunia nzima ilitaka picha: farasi, mabomba ya maji, mbwa, bendera. Picha hizo zilipigwa na ninashukuru zilipigwa. Filamu ambayo Hopinka aliitoa mwaka uliofuata, "Dislocation Blues", ina dakika kumi na saba, na polisi karibu hawapo. Mmoja wa wanaozungumza yuko mbali na kambi, anaongea kupitia skrini ya kompyuta, akijaribu kukumbuka pale palikuwaje na akiogopa kwamba kumbukumbu yake imeanza kupapamba. Mwingine anaongea akiwa kambini, baridi ikisikika kwenye sauti. Hawakubaliani kabisa. Filamu haiwapatanishi.

Nikiwa mkweli, ningekuwa kambini wakati ule ningekasirika. Ningesema: kaka, tunahitaji ushahidi, wewe unatuletea tafakari? Lakini bomba lilijengwa. Kambi ikaondolewa Februari 2017. Ukitaka kujua leo ilikuwaje kuamka asubuhi pale, kuwa mmoja wa watu wengi waliokuja kwa sababu mbalimbali na kurudi makwao wakiwa wamebadilika kwa namna ambazo hawawezi kuzitaja, zile picha za mbwa hazikusaidii sana. Filamu hii inakusaidia. Ushahidi ulipelekwa mahakamani na ukafanya ulichoweza. Kitu kingine pia kilikuwa kinahitaji kuhifadhiwa, na kitu hicho hakikuwa na umbo la ushahidi.

Kwa hiyo kwa rafiki yangu nasema hivi: Waogiek walijieleza mbele ya majaji, na ilikuwa lazima. Sioni kwa nini waendelee kujieleza kwa namna ile ile kila wanapopigwa picha, hata na sisi, hata katika filamu zao wenyewe kama watazipiga. Kuna kuongea na hakimu na kuna kuongea na mtoto wako. Tatizo la filamu tunazozitengeneza hapa, nyingi zikiwa na ufadhili kutoka nje, ni kwamba zote huongea na hakimu.

Hoja yake ninayoikubali ni nyingine. Majumba ya sanaa ya New York yanaupenda ukungu. Kazi za Hopinka zilikuwa katika maonyesho ya Whitney ya 2017, na ninaweza kuwaza aina ya mtazamaji anayesimama mbele ya skrini, haelewi neno, na anafurahia kutokuelewa kwake kama divai. Kwa mtu huyo chinuk wawa ni pambo. Hopinka hana namna ya kumzuia, na wakati mwingine, pale anapozigeuza rangi za anga kuwa zambarau bila sababu ninayoiona, nadhani anamlisha. "I'll Remember You as You Were, Not as What You'll Become" ya 2016, kumbukumbu ya mshairi Diane Burns aliyefariki mwaka 2006, ina maandishi yaliyopangwa kwa maumbo ya vilima vya udongo ambavyo wakazi wa kale wa Wisconsin walivijenga kwa sura za wanyama. Wazo ni zuri. Lakini maneno hayasomeki vizuri, na maneno hayo yanahusu wafu kurudi, jambo ambalo ningetaka kulisoma. Kuna tofauti kati ya mtu anayekunyima siri yake na mtu anayekuandikia barua kwa mwandiko mbaya.

Anayetaka kuanza na aanze na "Jáaji Approx.", kwa spika nzuri, si kwa simu. Halafu aende moja kwa moja kwa "maɬni" na avumilie ule msitu.

Mimi niliitafuta ile filamu ya Taita. Bado ninayo, faili la kazi, na yule nyanya yumo mzima mzima, dakika zake tatu kabla ya kukatwa. Nimeketi nalo jioni kadhaa. Kuna jina la mwembe ule, nalisikia vizuri, na kuna kicheko. Mwezi uliopita nilipata kibarua kingine cha namna hiyo hiyo, mzee mwingine, ukame safari hii, na katikati ya maelezo yake anasema jambo na mwenzake aliye nje ya picha, sentensi moja tu, ya wao wawili. Nimelitafsiri kila neno lingine, na pale nikaacha patupu. Mhariri alinitumia ujumbe siku iliyofuata: kuna mstari umepotea kwenye dakika ya nne. Nikamjibu kwamba haujapotea. Bado hajanijibu.